Clare: Kiti cha Aliyezuiwa Kukaa na Aliyekataa Kukaa

Hii ni hotuba nzima, kwa ajili ya waliokosa kufika. Ramani na picha zilizoonyeshwa ukutani zimeachwa. Maneno yamebaki kama yalivyosemwa.

Ndugu zangu, wazee wetu mlioketi huku mbele, na ninyi vijana mliokosa viti mkasimama kule mlangoni: hamjambo nyote.

Kiti cha bunge kila mtu anakijua. Mtu anagombea, anachaguliwa, anaapa, anakaa. Hatua nne tu. Je, ikiwa mtu amegombea, amechaguliwa, amefika hadi kwenye meza ya kiapo, kisha akaambiwa arudi alikotoka? Na je, ikiwa mwingine amegombea, amechaguliwa, mlango uko wazi na kiti kinamngoja, naye akasema siendi?

Kuna jimbo lililoyaona yote mawili. Ni Clare, kaunti ya magharibi mwa Ireland. Mwaka 1828 Clare ilimchagua Daniel O'Connell, akazuiwa kukaa. Mwaka 1917 Clare Mashariki ikamchagua Éamon de Valera, akakataa kukaa. Kati ya mmoja na mwenzake ni miaka 89, na leo tutaipita miaka hiyo tukiangalia jambo moja: kura ya Clare ilikuwa ya nani, na aliyeitumia alilipa nini.

Kwanza mahali penyewe. Clare imekumbatiwa na maji. Magharibi ni bahari ya Atlantiki, kusini na mashariki ni mto Shannon. Mji wake mkuu ni Ennis, kando ya mto Fergus. Tarehe 1 Januari 1801 bunge la Dublin lilikuwa limekwisha kufutwa, na Ireland ikawa inapeleka wabunge 100 London, katika bunge la Westminster. Kila moja ya kaunti 32 ilipewa viti viwili. Clare ikapata viwili vyake. Mji wa Ennis ulikuwa na kiti chake peke yake, lakini hicho si chetu leo.

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa pana hesabu, na bila hesabu hii mambo ya 1828 hayaeleweki.

Nani alipiga kura katika kaunti? Sheria ilisema: mwanamume mwenye ardhi yake, inayompa faida ya shilingi arobaini kwa mwaka baada ya kutoa kodi. Shilingi arobaini ni pauni mbili. Mtauliza: mkulima maskini wa Clare alikuwa na ardhi yake? Hakuwa nayo. Ardhi ilikuwa ya bwana shamba, yeye alikuwa mpangaji. Lakini sheria ilikuwa na mlango wa nyuma. Mkataba wa kupanga kwa miaka kadhaa haukuhesabiwa kuwa umiliki. Mkataba wa maisha ulihesabiwa. Katika mkataba wa maisha hawakuandika miaka, waliandika majina ya watu, mara nyingi watatu, na mpangaji alishika shamba mpaka afe wa mwisho kati yao. Mwenye mkataba huo alikuwa mmiliki mbele ya sheria ya uchaguzi.

Basi fanyeni hesabu. Kodi ya shamba ni pauni tano. Mkulima anaapa kwamba shamba linamzalia pauni saba. Tofauti ni pauni mbili. Hizo ndizo shilingi arobaini, na huyo ni mpiga kura. Aliyekadiria thamani ni nani? Ni yeye mwenyewe, kwa kiapo, na bwana shamba wake ndiye aliyemtaka aape.

Tangu 1793 Wakatoliki wa Ireland waliruhusiwa kupiga kura, ingawa hawakuruhusiwa kukaa bungeni. Tangu hapo mabwana shamba walizalisha wapiga kura kama mtu anavyozalisha mifugo. Waligawanya mashamba vipande vipande, wakatoa mikataba ya maisha, wakaandikisha majina. Faida yao ilikuwa nini? Bwana aliyeweza kupeleka wapiga kura mamia kwa mgombea wa serikali alikuwa na la kudai serikalini: cheo cha jeshi kwa mwanawe huyu, kazi ya forodha kwa yule.

Na kura yenyewe haikuwa siri. Mpiga kura alisimama mbele ya karani, akataja jina la mgombea kwa sauti, karani akaandika. Msimamizi wa shamba alikuwa hapo hapo akisikiliza. Juu ya hayo kulikuwa na desturi ya kumwacha mpangaji nyuma kwa kodi ya miezi sita. Ilionekana kama huruma. Ilikuwa kitanzi. Deni lile lilining'inia juu ya kichwa chake siku zote, na bwana aliweza kulidai lote asubuhi moja. Mkulima angepata wapi fedha hizo? Ng'ombe wangechukuliwa.

Kwa hiyo hadi hapa, kura ya Clare ilikuwa ya nani? Ilikuwa ya bwana shamba.

Mwaka 1823 Daniel O'Connell, wakili wa Kaunti ya Kerry, aliunda Chama cha Wakatoliki pamoja na wenzake. Mwaka uliofuata walianza mchango wa peni moja kwa mwezi. Peni moja! Hata fukara aliiweza, na aliyetoa peni yake alijiona mwenye chama. Fedha zilikusanywa parokia kwa parokia, kwa msaada wa mapadri. Mwaka 1826, katika Kaunti ya Waterford, wapangaji waliwapa mgongo mabwana wa ukoo wa Beresford, waliokuwa kama wafalme kule, wakampigia kura mtu mwingine. Mabwana walipoanza kudai madeni yale ya miezi sita, Chama kilifungua mfuko wake kuwasaidia wapangaji. Hilo ndilo lililowezesha yaliyofuata: ujasiri wa mkulima ulikuwa na mfuko nyuma yake.

Tufike Clare.

Mbunge mmoja wa Clare alikuwa William Vesey-FitzGerald. Katikati ya 1828 Waziri Mkuu, Duke wa Wellington, alimteua kuwa mkuu wa Bodi ya Biashara. Kulikuwa na kanuni ya zamani: mbunge akipokea cheo cha serikali chenye mshahara, kiti chake kinakuwa wazi papo hapo, na lazima arudi kwa wapiga kura kuomba upya. Ikumbukeni kanuni hii, tutakutana nayo tena. Kwa kawaida lilikuwa jambo la siku moja. Nani angempinga waziri?

Tena huyu hakuwa mtu mbaya. Haki itendeke kwake. Alikuwa Mprotestanti aliyeunga mkono haki za Wakatoliki, na baba yake alipoteza cheo kikubwa cha sheria kwa kupinga muungano na Uingereza. Chama cha Wakatoliki kilitafuta Mprotestanti rafiki wa kumpinga, Meja MacNamara, akakataa. Hapo ndipo likaja wazo ambalo watu wa sheria walikuwa wakilijua lakini hakuna aliyethubutu kulitumia. Sheria haikumkataza Mkatoliki kugombea. Haikumkataza kuchaguliwa. Kizuizi kilikuwa mezani, ndani ya bunge: kiapo kilichomtaka mbunge akane mamlaka ya Papa, na aseme kwamba misa na maombi kwa Bikira Maria ni ushirikina na ibada ya sanamu. Hakuna Mkatoliki mwaminifu angeweza kuyatamka hayo. Lakini kiapo kiko London, na kura iko Ennis! Basi O'Connell akatangaza atagombea mwenyewe.

Mkutano wa uteuzi ulifanyika katika mahakama ya Ennis tarehe 30 Juni 1828. Aliyependekeza jina la O'Connell alikuwa kijana mmoja wa Clare aliyejiita The O'Gorman Mahon. Na huyu pia mumkumbuke. Aliyeunga mkono alikuwa Tom Steele, Mprotestanti mwenye ardhi, aliyetangaza kwamba bwana shamba yeyote anayeona wapangaji wake wamepotoshwa aje wapigane naye kwa bastola. Upande wa waziri alisimama Sir Edward O'Brien wa Dromoland, mmoja wa wenye ardhi wakubwa wa kaunti, ambaye mwanawe Lucius ndiye aliyeshika kile kiti kingine cha Clare.

Makumi ya maelfu ya watu waliingia Ennis. Wapiga kura walitembea kutoka vijijini wakiongozwa na mapadri wao, parokia baada ya parokia, wengi maili nyingi kwa miguu. Na kulikuwa na amri moja: hakuna pombe. Siku zile uchaguzi ulikuwa ulevi na marungu. Wakuu wa kampeni walijua kwamba ghasia moja ingeipa serikali sababu ya kuita askari waliokuwa wakingoja karibu. Kwa hiyo watu wakakaa kavu siku zote za kura. Mtu mzima aliyepewa wiki nzima mjini, rafiki zake wote wapo, na asiguse tone. Hiyo ndiyo nidhamu iliyowatisha wakubwa kuliko marungu.

Upande wa waziri ulijaribu kuchelewesha mambo kwa kudai kila Mkatoliki aapishwe kwanza kabla ya kupiga kura. Basi wakaapishwa kwa makundi, kundi likitoka jingine likiingia. Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Wapangaji wa O'Brien, watu wa ardhi yake, walipita mbele yake na kumtaja O'Connell. Kwa sauti. Msimamizi wa shamba akisikiliza. Tarehe 5 Julai hesabu ikafungwa: O'Connell kura 2,057, Vesey-FitzGerald kura 982.

Mnaona kilichotokea? Mabwana walizalisha kura elfu kadhaa ili ziwe zao. Kwa siku tano zile, kura zikahama mikono.

Na sasa bei yake.

Wellington na waziri wake wa mambo ya ndani, Robert Peel, walikuwa wapinzani wa siku nyingi wa haki za Wakatoliki. Lakini walijua hesabu. Kama Clare imewezekana, uchaguzi mkuu ujao kaunti nyingi za Ireland zitachagua Wakatoliki wasioweza kuapa, na nchi haitatawalika. Wakasalimu amri. Tarehe 13 Aprili 1829 sheria ya kuwaruhusu Wakatoliki kukaa bungeni ilitiwa sahihi na mfalme.

Furaha? Ngojeni. Siku zile zile ilipitishwa sheria ya pili. Hii ilipandisha sifa ya mpiga kura wa kaunti Ireland kutoka shilingi arobaini hadi pauni kumi. Mara tano! Wapiga kura wa kaunti walikuwa zaidi ya 200,000. Wakabaki chini ya 40,000. Mkulima aliyetembea mpaka Ennis, aliyekaa bila pombe, aliyelitaja jina la O'Connell mbele ya bwana wake, alinyang'anywa kura na sheria iliyoambatana na ushindi wake. Wakili aliyechaguliwa akapata haki ya kukaa. Waliomchagua wakapoteza haki ya kuchagua. Na mkataba wa maisha, ambao thamani yake kwa bwana ilikuwa kura, haukuwa na faida tena. Kuanzia hapo mpangaji mdogo alikuwa mzigo tu kwenye ardhi. O'Connell hakuipigania kura ya shilingi arobaini kama alivyopaswa. Hilo ni doa juu yake, na linapaswa kusemwa na kila anayemsifu.

Hata yeye hakuingia moja kwa moja. Sheria mpya ilitungwa ili kiapo kipya kiwahusu watakaochaguliwa baada yake, na yeye alichaguliwa kabla. Tarehe 15 Mei 1829 alifika bungeni, akapewa kiapo kile cha zamani, akakataa kuapa, akisema kwamba kina jambo analolijua kuwa ni uongo. Kiti kikatangazwa wazi. Ennis ikaitwa tena, na Julai 1829 akapita bila kupingwa. Alikaa kwa mara ya kwanza tarehe 4 Februari 1830, miezi kumi na tisa baada ya kuchaguliwa. Mwaka ule ule, katika uchaguzi mkuu, akahamia Waterford. Kiti cha Clare akakipata yule kijana, The O'Gorman Mahon, kisha akaondolewa mwaka uliofuata kwa kesi ya kuhonga wapiga kura. Sahauni kwamba mashujaa wa 1828 walikuwa malaika.

Miaka ishirini iliyofuata tuipite haraka, kwa sababu uchaguzi si jambo kubwa palipo na njaa. Viazi vilioza kuanzia 1845. Clare ilikuwa na watu 286,394 katika sensa ya 1841. Mwaka 1851 ilikuwa na 212,440. Upande wa Kilrush nyumba za wapangaji zilibomolewa kwa maelfu. Ndiyo mizigo ile niliyoitaja, sasa ikitupwa nje.

Mwaka 1850 sheria ya uchaguzi ilibadilishwa tena. Badala ya mtu kuapa mwenyewe kuhusu faida ya shamba lake, sasa thamani ilitazamwa katika daftari la kodi ya kusaidia maskini: aliyekalia ardhi iliyokadiriwa pauni kumi na mbili aliandikwa. Wapiga kura wa Ireland nzima wakapanda kutoka karibu 45,000 hadi zaidi ya 160,000. Jambo jema. Lakini kura ilibaki wazi, ya kutajwa kwa sauti. Na kura ya wazi, ndugu zangu, ina nguvu moja tu nyuma yake ikiwa hakuna umoja: nguvu ya anayetisha zaidi.

Nawapeleka Sixmilebridge, kijiji cha kusini mashariki mwa Clare, tarehe 22 Julai 1852. Wapangaji wachache wa Marquess wa Conyngham wanapelekwa kupiga kura. Wanasindikizwa na askari wa kikosi cha 31. Fikirini: mtu anakwenda kupiga kura katikati ya bunduki! Kwa nini? Kwa sababu bwana anataka wafike, na umati pamoja na mapadri hawataki wafike. Njia ikawa nyembamba, mawe yakarushwa, askari wakafyatua. Waliouawa hawakupungua sita. Baraza la kuchunguza vifo lilitamka kwamba ni mauaji ya kukusudia. Hakuna askari aliyetiwa hatiani. Matokeo ya Clare yakatenguliwa mwaka 1853 na uchaguzi ukarudiwa.

Angalieni nafasi ya yule mpangaji katikati. Akimpigia mgombea wa bwana, jirani watamvunjia madirisha na padri atamtaja kanisani. Akimpigia mgombea wa padri, bwana atamfukuza shambani. Mwaka 1828 alikuwa shujaa kwa sababu elfu mbili walikuwa pamoja naye na mfuko ulikuwa nyuma yao. Mwaka 1852 yuko peke yake.

Dawa yake ilikuwa karatasi. Sheria ya Julai 1872 ilileta kura ya siri. Ilifanya mambo matano ambayo leo tunayaona ya kawaida kabisa. Uteuzi ukawa wa fomu ya maandishi, si wa jukwaani mbele ya umati. Majina ya wagombea yakachapwa kwenye karatasi moja. Karatasi ikagongwa muhuri wa siri ili isighushiwe nje. Mpiga kura akaingia kwenye kibanda peke yake. Kisha akaikunja na kuitumbukiza sandukuni mwenyewe. Msimamizi wa shamba angesimama nje mpaka jua lizame, asingesikia jina. Padri naye pia. Tangu siku hiyo hapakuwa na faida ya kumsindikiza mpiga kura kwa bunduki, kwa sababu hakuna ambaye angejua kilichonunuliwa kwa bunduki hiyo.

Sasa niwape kisa kimoja ambacho watu wa Clare wenyewe hukisahau. Mwaka 1877 mbunge mmoja wa Clare, Sir Colman O'Loghlen, alifariki. Wapiga kura wakamchagua nduguye, Sir Bryan. Tatizo ni kwamba Sir Bryan alikuwa Australia, katika koloni la Victoria, akifanya siasa za huko. Akachaguliwa akiwa upande wa pili wa dunia! Hakuja. Kiti kikakaa kitupu. Kilichokifungua ni nini? Ile kanuni niliyowaambia muikumbuke. Sir Bryan alikuwa amepokea cheo cha mwanasheria mkuu wa Victoria, cheo chenye mshahara wa serikali, na bunge likaamua mwaka 1879 kwamba kiti chake ki wazi. Kanuni iliyomleta O'Connell mwaka 1828 ikafanya kazi tena nusu karne baadaye.

Na nani alishinda uchaguzi mdogo wa 1879? The O'Gorman Mahon. Yule yule aliyesimama mahakamani Ennis mwaka 1828 kulipendekeza jina la O'Connell, sasa mzee karibu miaka themanini.

Mwaka uliofuata, katika uchaguzi mkuu wa 1880, Clare ilimpa mwenzake wa kukaa naye: Kapteni William O'Shea. Jina hilo lilikuja kuitikisa Ireland. Kiongozi wa chama chao, chama cha waliotaka Ireland ijitawale, Charles Stewart Parnell, alihutubia Ennis tarehe 19 Septemba 1880 akawafundisha wakulima njia ya kupigana bila damu: anayechukua shamba alilofukuzwa mwenzake, asisemeshwe barabarani, asiuziwe dukani, asisalimiwe hata kanisani. Kwa kifupi, asusiwe. Wiki chache baadaye njia hiyo ilitumika katika Kaunti ya Mayo dhidi ya msimamizi wa mashamba aliyeitwa Charles Boycott, na jina lake likageuka kuwa neno la Kiingereza la kususia. Mafundisho yenyewe yalitamkwa Ennis.

Parnell huyo alikuwa akiishi kimapenzi na mke wa O'Shea, Katharine. O'Shea alifungua kesi ya talaka mwishoni mwa 1889, ikaamuliwa Novemba 1890, na Desemba chama kikapasuka. Parnell alikufa Oktoba mwaka uliofuata. Mbunge wa zamani wa Clare ndiye aliyeleta kesi iliyomwangusha. Na uchaguzi wa 1892 ulipofika, Clare ilifanya nini? Viti vyake vyote viwili viliwaendea wafuasi wa Parnell, wakati sehemu kubwa ya nchi ilikuwa imewaacha.

Wakati huo jimbo la zamani lilikuwa limekwisha kugawanywa. Mwaka 1884 haki ya kura ilipanuliwa kwa wanaume wenye kaya, wa mjini na wa shamba sawasawa, na mwaka 1885 kaunti ikakatwa kuwa majimbo mawili ya mbunge mmoja mmoja: Clare Mashariki na Clare Magharibi. Kiti cha mji wa Ennis kikafutwa.

Clare Magharibi ina kisa chake, na sitaki niondoke bila kukisema. Mwaka 1909 ilimchagua Arthur Lynch, mzaliwa wa Australia, aliyepigana upande wa Makaburu kule Afrika Kusini dhidi ya jeshi la Uingereza. Mwaka 1903 alihukumiwa kifo mjini London kwa uhaini. Hukumu ikabadilishwa, baadaye akasamehewa. Miaka sita baada ya kuhukumiwa kunyongwa na dola hiyo, akaingia katika bunge lake kama mheshimiwa wa Clare, akakaa hadi 1918.

Clare Mashariki ilikuwa na William Redmond kuanzia 1892, ndugu wa John Redmond aliyekuja kukiongoza chama kizima. Kwa robo karne alipigania Ireland ijitawale ndani ya dola ya Uingereza. Vita vya 1914 vilipozuka aliamini kwamba damu ya Waairishi itailipia haki hiyo. Akajiandikisha jeshini akiwa na zaidi ya miaka hamsini, na Machi 1917 alizungumza bungeni kwa mara ya mwisho akiwa amevaa sare. Tarehe 7 Juni 1917 aliuawa katika mapigano ya Messines, Ubelgiji, akiwa na umri wa miaka 56. Walimchukua wabebaji wa majeruhi wa divisheni ya Ulster, yaani kaskazini mwa Ireland, watoto wa wale waliopinga kwa nguvu zote jambo alilolipigania. Kiti cha Clare Mashariki kikawa wazi.

Lakini Ireland ya Juni 1917 haikuwa ile aliyoiacha. Mwaka mmoja kabla, viongozi wa uasi wa Pasaka mjini Dublin, uasi dhidi ya utawala wa Uingereza, walipigwa risasi. De Valera, mwalimu wa hesabu mzaliwa wa New York, alikuwa kamanda katika uasi huo. Alihukumiwa kifo, hukumu ikageuzwa kuwa kifungo. Alifunguliwa mwezi ule ule wa Juni, na wiki chache baadaye alikuwa barabarani Clare akiomba kura, akiwa amevaa sare ya Wanamgambo, jeshi la waasi wale. Upande wa pili, kwa siasa za Redmond, alisimama Patrick Lynch, wakili mwenyeji wa Clare, mtu wa familia kubwa na rafiki wengi.

De Valera aliwaambia wapiga kura waziwazi: mkinichagua, siendi London. Ahadi ya ajabu! Mgombea anaomba kiti na kuahidi kukiacha kitupu. Na daftari la wapiga kura lilikuwa bado lile la sheria ya 1884: hapakuwa na mwanamke hata mmoja ndani yake, wala kijana anayekaa kwa wazazi. Yaani walioulizwa ni wanaume wenye kaya, wengi wao watu wazima waliokuwa wakimchagua Redmond miaka yote. Hao ndio waliomkatalia mrithi wa siasa zake. Kura zilipigwa tarehe 10 Julai 1917. De Valera 5,010. Lynch 2,035.

Mahakama ya zamani ya 1828 ilikuwa imebomolewa, na mahali pake paliinuliwa nguzo yenye sanamu ya O'Connell. Matokeo ya 1917 yalisomwa kwenye ngazi za mahakama mpya, mwendo mfupi kutoka hapo. Patrick Lynch hakuweka kinyongo: mwaka 1936 de Valera, sasa kiongozi wa serikali mjini Dublin, alimfanya mwanasheria wake mkuu.

Yaliyobaki ni machache. Desemba 1918, daftari jipya likiwa na wanaume wa miaka 21 na wanawake wa miaka 30, Sinn Féin, chama cha de Valera, ilichukua viti 73 kati ya 105 vya Ireland. Clare hapakuwa hata na kura ya kupiga: Mashariki de Valera alipita bila kupingwa, Magharibi Brian O'Higgins vivyo hivyo. Tarehe 21 Januari 1919 waliokuwa nje ya magereza walikutana Dublin wakaunda bunge lao, Dáil. De Valera alikuwa gerezani Lincoln, Uingereza. Sheria ya 1920 ikayaunganisha tena majimbo mawili kuwa Clare moja yenye viti vinne, safari hii katika bunge la Ireland, na mwaka 1921 wote wanne wakapita bila kupingwa.

Kwenye orodha ya Westminster, hata hivyo, jina la Clare Mashariki liliendelea kuandikwa mpaka bunge lile livunjwe tarehe 26 Oktoba 1922. Likavunjwa, na jimbo likafutika. Mtu wa mwisho kukalia kiti hicho alikuwa William Redmond. Amezikwa Locre, Ubelgiji, na tangu alipoinuka hapo Machi 1917 hakuna aliyekaa.

Ahsanteni.